Bei ya Ndoo Nzima

"Misukule! Mama Ida, umesema nafuga misukule!"

Emiliana alikuwa upande wake wa ukuta, amepanda juu ya tofali bila shaka, maana yeye ni mfupi na ukuta wao ni mrefu. Nilikiona kichwa tu, na kitambaa cha kichwa kilikuwa kimekaa upande kwa hasira.

"Sijasema unafuga," nikamjibu. "Nimesema watu wanasema."

"Watu gani?"

"Watu wa mtaani."

"Wewe ndiye mtaa!"

Nyuma yangu jirani yetu Getrude, aliyekuja kunisaidia kuchambua usipa, dagaa wetu wa ziwani, akaangua kicheko. "Hapo kasema kweli," akasema. Ndiyo Getrude huyo huyo aliyeniletea habari ya misukule, tena kwa kunong'ona, tena akala na chai yangu.

Nikaona nisimame nijitetee. "Haya, Emiliana, kama si misukule tuambie ni nini. Nyumba ina vyumba vitano, taa inawaka kimoja. Madirisha ya nyuma sijayaona yakifunguliwa tangu fundi ashuke ngazi. Mtoto wangu akija kuazima kibiriti anajibiwa kupitia tundu la geti. Kipaimara cha mwanao mmekwenda kukifanyia Litembo kwa baba yako, watu tukapanda bodaboda na baridi ile, wakati sebule yako inameza kwaya nzima na kinanda chake. Sasa mtu afikirie nini?"

"Afikirie mambo yake!"

"Na mambo yangu ni hayo!" nikapaza sauti, na hapo likanitoka ambalo sikupanga kulitoa mbele ya Getrude. "Jumamosi natakiwa kutia saini nyumba yangu iende benki, kwa sababu ya hilo jumba lako! Kila nikisema sitaki, mume wangu ananionyesha ukuta wako. Sasa mimi nataka kujua kuna nini ndani!"

Emiliana akakiweka sawa kitambaa chake. Nilitegemea tusi. Badala yake akaniuliza kwa sauti ndogo, kama mtu anayeuliza habari za mgonjwa:

"Kusaini miaka mingapi?"

"Ishirini."

Kichwa kikashuka, kikapotea nyuma ya ukuta. Getrude akaacha usipa mkononi. "Umemwua," akasema.

Nieleze kidogo, maana msije mkadhani mimi ni mtu wa kuchungulia nyumba za watu bure. Nachungulia, lakini safari hii nilikuwa na sababu.

Mume wangu Steven ni mwalimu wa sekondari hapa Mbinga mjini. Anafundisha Kiswahili na kupiga filimbi ya mpira. Nyumba yetu ni ya tofali za kuchoma, sakafu ya saruji, bati limeshika kutu, na mvua ikinyesha tunahamisha kitanda. Lakini ni yetu, kiwanja kina hati, na haina siku isiyokuwa na mgeni. Ndugu zangu wa Chiwanda wakipanda kutoka ziwani wanashukia kwangu na samaki. Wa kwake wa Mpepai wakishuka na mahindi wanashukia kwangu. Jirani akisikia harufu ya mbasa anakumbuka ghafla kwamba alikuwa na neno la kuniambia. Hivyo ndivyo ninavyopenda.

Steven yeye akawa anatazama ng'ambo ya ukuta. Ladislaus, mume wa Emiliana, anafanya kazi maabara hospitalini, na mshahara wake haupishani sana na wa mwalimu. Lakini ana bati la msauzi, madirisha ya aluminiamu, geti la kusukuma. Ikajulikana kwamba alijenga kwa mkopo wa nyumba. Basi Steven akaenda benki, na benki ikatuletea kijana mmoja anaitwa Rodrick, viatu vinang'aa mpaka unaona aibu kumkaribisha kwenye vumbi.

Rodrick alikaa kwenye kochi langu, akaeleza vizuri mno. Mnapewa milioni thelathini, mnabomoa hii, mnajenga ya kisasa hapa hapa, na hati inakaa benki. Rejesho ni laki nne na elfu kumi na saba tu kwa mwezi. Riba asilimia kumi na sita tu. Na mke lazima aridhie kwa saini yake, sheria inamlinda mama.

Nikamuuliza, "Jumla yake mpaka mwisho ni ngapi, baba?"

"Laki nne na kumi na saba tu kwa mwezi, mama."

"Hiyo umesema. Mimi nauliza yote."

"Mama, ndiyo hiyo tu. Inakatwa kwenye mshahara, wala hamtaisikia."

Hiyo "tu" yake ndiyo iliyoninyima usingizi. Jamani, mimi nauza usipa sokoni. Mteja mgeni akija nikataka kumlia, namtajia bei ya kopo. "Elfu moja tu, dada." Bei ya ndoo simtajii ng'o, kwa sababu akiijua ndoo atagundua kwamba kwa makopo namlipisha ndoo tatu. Sasa huyu kijana na tai yake, nilimtazama mdomo, nikajiambia: Restituta, leo na wewe unauziwa kwa kopo.

Nilipomwambia Steven hivyo alicheka. Akaniuliza, kwenye kikundi chenu cha akina mama mnatozana riba ngapi? Nikasema kumi kwa mwezi. "Na hii ni kumi na sita kwa miaka yote ishirini! Milioni thelathini, ongeza nne na laki nane, basi. Unaogopa nini? Au hutaki niwe na nyumba kama Ladislaus?" Akaanza kunishuku kwamba ndugu zangu wa ziwani wananijaza maneno. Mimi nikaanza kumshuku kwamba kuna mtu amemwahidi kitu. Tukawa tunakula tunatazamana. Na lile jumba la jirani, kimya, madirisha yamefungwa. Utajiri gani huo usiopika hata pilau?

Basi. Siku ile baada ya kichwa kushuka nyuma ya ukuta, nilisikia geti likisukumwa. Emiliana akatokea barabarani, miguu mitupu, akaja mpaka mlangoni kwangu.

"Njoo uione misukule," akasema. "Peke yako."

Getrude alisimama. Emiliana akamtazama. Getrude akakaa.

Nikaingia. Sitadanganya, niliingia na mguu wa kulia mbele na rozari nimeishika mfukoni. Sebule ilikuwa kubwa kweli, dari ya jipsamu na maua yake, na nilipokohoa kikohozi kikanirudia kutoka pande zote. Hakukuwa na kiti. Kulikuwa na mkeka, meza ya plastiki, na godoro limeegemezwa ukutani. Akanifungulia chumba kimoja, kitupu. Cha pili, magunia mawili ya mahindi na baiskeli mbovu. Cha tatu hakina sakafu, ni kifusi. Pazia lilikuwepo dirisha la mbele tu, linaloonekana barabarani.

"Ningewakaribisha mkae wapi?" akasema. "Na mle nini?"

Tukakaa kwenye mkeka. Akaniambia kwamba mkopo wao ni kama wetu: milioni thelathini, miaka ishirini. Mshahara wa Ladislaus ukishakatwa, kinachobaki ni cha chakula, na cha chakula ndicho cha umeme, na ndicho cha ada. Ada ikishindikana, Emiliana anapanda Litembo kwa baba yake. Mzee amempa vipande vya shamba la kahawa, na kila mwaka anauza mavuno yake kwa magoma.

Magoma sisi wote tunayajua. Mtu anakupa fedha kahawa ikiwa bado ua jeupe mtini, ukivuna anaibeba yeye, na anayecheka ni yeye. Tunamsema sana mwenye magoma, tunamwita mvivu, tunamwita mlevi. Emiliana sikuwahi kumdhania.

"Unanishangaa mimi kwa magoma ya msimu mmoja," akasema. "Ladislaus ameuza misimu ishirini ya mshahara wake ikiwa maua. Mimi ndiye niliyetia saini, mama. Kijana alisema laki nne tu."

"Mmeshalipa miaka saba. Si mmekaribia nusu?"

Akacheka, kicheko kibaya kwenye sebule ile. "Nenda kamwulize mumeo anafikiri tumebakiza ngapi. Halafu mwambie ni ishirini na saba."

"Miaka?"

"Milioni."

Nilitoka pale, nikarudi kwangu. Getrude alikuwa bado kwenye ndoo yangu ya usipa, hajachambua hata mmoja. "Umeona nini?" Nikamwambia, "Nimeona nyumba." Kwa mara ya kwanza maishani mwangu nilikuwa na habari nzito na sikutaka kuitoa.

Jioni nilimweleza Steven. Alinisikiliza huku anavua viatu, kisha akasema nilichokiogopa: "Emiliana anakudanganya. Mwenye jumba hataki jirani awe na jumba. Wamelipa miaka saba, laki nne na ushee kila mwezi, halafu deni lipungue milioni tatu? Hiyo ni hesabu ya wapi?"

"Toa simu, piga hesabu. Laki nne na kumi na saba, mara kumi na mbili, mara ishirini."

Akapiga. Akaitazama simu. Akafuta, akapiga tena.

"Simu hii imeongeza sifuri," akasema.

"Zisome."

"Milioni mia moja." Akaiweka simu mezani kifudifudi, kama karata mbaya. "Hapana. Kuna namna. Asilimia kumi na sita ni asilimia kumi na sita. Jumamosi nitamwuliza Rodrick, atatueleza, na utasaini, Mama Ida. Nimeshamwambia mkuu wangu wa shule. Nimeshamwambia fundi. Unataka nionekane mtu wa namna gani?"

Hapo nikajua kwamba ameogopa, na mwanaume akiogopa mbele ya fundi ni kazi kumrudisha.

Ugali ulikuwa umeiva, nimetandika mbasa kwenye sinia, Getrude na wanangu wameshanawa, ndipo tukasikia hodi. Ladislaus. Hajawahi kubisha hodi kwangu. Alikuwa na sare ya kazini, na hakuingia.

"Mwalimu, samahani. Nasikia mke wangu leo ameingiza mtu ndani." Akanitazama. "Na nasikia ameingiza redio."

Getrude akajifanya anatafuta mwiba kwenye samaki ambaye hajamgusa.

"Aliloliona huyo mama," Ladislaus akaendelea, "naomba libaki hapa. Kazini wananiheshimu."

Nilifungua mdomo, Steven akanizuia kwa mkono. Akaenda mlangoni. "Ladi, nikuulize kitu, unijibu. Usiponijibu, Jumamosi nasaini, na nyumba hii wanamolala hawa itakuwa ya benki mpaka nistaafu. Wanasema bado unadaiwa ishirini na saba. Ni kweli?"

Ladislaus alitazama chini, akatazama barabarani, akatazama lile jumba lake lenye taa moja. Nilidhani atageuka aende zake. Hata mimi, na ulimi wangu huu, sikumsukuma.

"Ishirini na saba na laki tatu," akasema. "Wanaanza kula riba, Mwalimu. Kila mwaka kumi na sita, kwa deni lililobaki, na miaka ya mwanzo limebaki lote. Kwa hiyo unalipa, unalipa, unalipa riba. Deni lenyewe wanakuja kuligusa mwishoni mwishoni, ukiwa na mvi. Nimeshalipa milioni thelathini na tano. Nilikopa thelathini."

"Ulijua lini?"

"Mwaka jana. Nilikwenda kuwaambia nimekaribia, nataka nimalizie kidogo kidogo." Akaishika kola ya sare yake. "Nilivaa suti, Mwalimu."

Hakuna aliyecheka. Hata Getrude.

"Na mimi kila asubuhi tunapita wote hapo barabarani," Steven akasema. "Kwa nini hukuniambia?"

"Kila asubuhi unanisifia nyumba. Ningeanzia wapi?"

Steven akarudi mezani, akaigeuza simu, akapiga. Tulisikia sauti ya Rodrick upande wa pili, changamfu, inamwita mteja wetu. Steven akasema, "Kijana, Jumamosi usije." Akasikiliza. "Hapana, mke wangu hana neno. Anayekataa ni mimi." Akasikiliza tena, muda mrefu kidogo, na mimi moyo ukanipanda, maana yule kijana ana maneno. "Hata kama ni tu," Steven akasema, akakata.

Akakaa. Bati juu yetu likalia kidogo kwa jinsi baridi ya jioni inavyolivuta, na hakulitazama.

Ladislaus akasema, "Basi, usiku mwema," akageuka.

"Unakwenda wapi?" nikamwuliza.

"Nyumbani."

"Nyumbani kuna nini? Emiliana ameniambia kuna nini."

"Mama Ida, hatujawahi kuwakaribisha ninyi hata maji. Nitakaaje kwako nile?"

"Kwa makalio, kama wenzako. Ida! Kimbia ng'ambo, mwambie mama Emiliana aje na watoto wote, mwambie nimesema mimi, na akikataa mwambie nakuja mwenyewe kupiga kelele getini. Getrude, sogea, umejitandaza kama mwenye shamba. Steven, mpe mwenzako maji anawe. Ladislaus, usisimame mlangoni kama unadaiwa na mimi pia. Vua viatu, baba. Ingia, tule."