Maji ya Choo cha Warumi

Kama una binti mjamzito na nyumba yako inakunywa maji ya chemchemi, acha kwanza kusoma, nenda ukafunue kifuniko cha kisima utazame ndani. Kisha urudi. Mimi sikufunua, na mpaka leo nikiona glasi ya maji naisukuma mbali.

Shamba letu liko chini ya ngome ya Warumi, pale Ukuta wao mrefu wa mawe unapoteremka kuelekea mtoni. Ghala letu limejengwa kwa mawe ya Ukuta, na jiwe la kukanyagia mlangoni mwa jikoni ni madhabahu ya mungu wao fulani, limelazwa kifudifudi. Hakuna anayelishangaa ila wageni. Kwetu Warumi ni kama majirani waliohama bila kubeba vitu vyao.

Mwaka juzi, kiangazi, walikuja wanafunzi wa kuchimbua mambo ya kale. Walichimba kule juu wakafikia choo cha askari, cha kukaa watu kumi na sita ubavu kwa ubavu, na chini yake mfereji wa mawe ambao mtoto angeweza kutambaa ndani. Tope lake lilikuwa jeusi tititi, na lilipofunuliwa lilinuka kama la jana. Karne zote hizo, na bado linanuka! Nilibana pua. Mkuu wao, dada mwembamba aitwaye Philippa, alikuwa akilifinyanga kwa vidole vitupu na kusema limejaa mayai ya minyoo ya askari, uso unamng'aa kama aliyeokota lulu.

Siku ya mwisho alimimina ndoo tatu za maji kwenye mfereji ule. Tukasikiliza. Maji yakaenda yakigugumia chini kwa chini, yakapotea.

"Bado unafanya kazi," akasema. "Sijui tu yanatokea wapi."

"Yanakwenda Roma," mume wangu Cuddy akajibu. "Wakiyanywa watatuandikia barua."

Tulicheka. Mimi nilicheka kuliko wote. Wakafunika tundu kwa bati, wakaenda zao.

Machi iliyofuata, msimu wa kuzaa kondoo, mgongo ulimshinda Cuddy, kwa hiyo mkwe wetu Gavin akaja kumsaidia. Alikuja na mkewe Elspeth, binti yetu wa pekee, mimba yake ina miezi saba. Ilikuwa ya tatu. Mbili za kwanza hazikufika.

Kila mwanamke wa huku anajua kwamba mjamzito hakaribii kondoo anayezaa. Kondoo akiwa na ugonjwa wa kutupa mimba, anaweza kumwambukiza mtu, naye mtu akatupa ya kwake. Hata nguo zenye damu yake ni hatari. Kwa hiyo nililinda mlango wangu. Mwanamume hakuvuka jiwe la madhabahu na ovaroli wala buti. Alivua hapo hapo nje, kwenye baridi.

"Mama, tarishi wa barua ananiona!" Gavin alilalamika siku moja, amebaki na chupi na soksi.

"Akuone. Vua na soksi."

Elspeth alicheka dirishani mpaka akashika tumbo. Nikafurahi, nikajiona mlinzi hodari.

Kumbe kondoo tuliowanunua mnadani vuli walikuwa wameanza kutupa mimba. Cuddy alisema ni wawili watatu tu, na lori linalokusanya mizoga limeshapita kuchukua vijusi. "Lilipita ulipokuwa sokoni, mke wangu." Nikaamini.

Wiki ya pili chai ilianza kuwa na ladha.

"Mama, maji haya yana ladha ya chuma," Elspeth alisema.

"Ni mvua hiyo, mwanangu. Kunywa. Mkunga amesema unywe maji mengi, uvimbe wa miguu ushuke."

"Yananuka."

"Ukiwa na mimba kila kitu kinanuka. Mimi nilikuwa nasikia harufu ya sabuni kwenye mkate. Kunywa bwana, usinitie wasiwasi."

Nikamsimamia mpaka akamaliza. Glasi sita kwa siku nilimsimamia, nikizihesabu mwenyewe.

Asubuhi moja bomba la jikoni likakohoa, likanyamaza, likatema kitu cheupe laini kwenye sinki. Nilidhani ni kipande cha sabuni. Nikakishika. Kilikuwa ngozi, na upande mmoja kilikuwa na manyoya.

Nilishuka mbio hadi kwenye kisima cha chemchemi, kile ambacho babu yake Cuddy alikiunganisha na nyumba. Nikasukuma kifuniko. Harufu ilinipiga usoni, nikarudi nyuma nikapiga magoti. Nilipoangalia tena niliona sufu imeshikana na utelezi juu ya maji, rangi ya chai ya maziwa. Ndani ya sufu mlikuwa na kwato, ndogo, laini, za manjano kama jibini, kwato ambazo hazijawahi kukanyaga chini. Kondo la nyuma lilikuwa limeziba nusu ya bomba letu, limevimba. Na pale maji yanapoingilia kisimani palikuwa na tundu la mawe ya kuchongwa, sawasawa na yale ya juu chooni, alama za patasi zile zile.

Hapo ndipo nilipojua maji ya Philippa yalitokea wapi.

Nilimkuta Cuddy bandani.

"Mimba zile ulizitupa wapi?"

"Si nilikuambia lori..."

"Cuddy."

Akatazama buti zake. "Kwenye choo cha Warumi."

"Ngapi?"

"Labda ishirini. Na makondo yake."

"Ishirini! Kwa nini?"

"Lori likisimama getini kila siku, bonde zima litajua tuna ugonjwa. Nani atanunua kondoo wetu tena? Ni shimo la kale, mke wangu. Nilidhani limekufa."

"Ulisikia maji yakienda!"

"Na wewe ulisikia," akasema.

Nikamwacha hapo. Niliporudi ndani Elspeth alikuwa amejikunja kitini, meno yanagongana, paji la uso linawaka moto.

Hospitali nilisema yote, sikuficha hata sufu. Daktari aliandika haraka, kisha hakuniangalia tena. Walimpasua usiku ule ule. Mtoto wa kike, kilo moja na robo tatu, mwekundu kama aliyechunwa, akawekwa kwenye sanduku la kioo. Aliishi. Elspeth naye alipona, baada ya wiki tatu.

Alipopata nguvu aliniuliza ni nini kilikuwa kwenye maji. Nikamwambia. Alitapika kwenye beseni, akajipangusa, akaniangalia.

"Ulinisimamia mpaka nimalize glasi."

Kisha akanisukumia beseni.

Kiangazi Philippa alirudi. Alifurahi mno kujua mfereji unaishia wapi, akataka nisimame kando ya kisima anipige picha. "Fikiria," akasema, "familia yako imekuwa ikinywa maji ya Warumi miaka yote!" Nilitapika hapo hapo, juu ya mawe yake.

Sasa tumevuta maji ya bomba la halmashauri, na kisima kimejazwa zege. Elspeth alikaa mwaka mzima bila kuja. Jumapili iliyopita nilisikia gari. Nilifungua mlango wa jikoni, mikono nimeinyoosha, na mtoto, amebebwa na mama yake, akaninyooshea yake.

Elspeth akarudi nyuma hatua moja, hakukanyaga lile jiwe.

"Vua aproni kwanza, mama," akasema. "Na viatu. Na hiyo sweta."

Tarishi alikuwa anapita getini. Nikavua.