Mgawanyo wa Mashine ya Bwanausi

Baba mdogo Hamidu ni mtu wa haki, na haki yake ndiyo iliyotutia taabuni.

Kaka yangu Bwanausi alipofariki, miaka mitatu iliyopita, tulimaliza arobaini kisha tukakaa ukumbini kugawana vitu vyake vidogo vya kumkumbukia. Hakuwa na mke wala mtoto. Alikuwa na kibanda cha gemu hapa Dunda, Bagamoyo, na roho ya kibanda hicho ilikuwa mashine moja ya PS2, kuukuu, ambayo vijana wa mtaa mzima waliichezea mpira. Baba mdogo akaiweka mashine juu ya mkeka, akachomoa kila kinachochomoka, akaanza kugawa. Mashine yenyewe akaichukua yeye kwa kuwa ndiye mkubwa. Pedi za kuchezea wakapewa binamu zetu, mmoja moja. CD ya gemu ikaenda kwa shangazi Ashatu wa Kiwangwa. Mama hakutaka chochote, akashikizwa kwa nguvu kadi ndogo nyeusi iliyokuwa imechomekwa mbele ya mashine. Mimi nikapata waya wa umeme.

Ndiyo, waya. Nilifungua mdomo niseme kwamba kitu kile ni kimoja, kwamba ni sawa na kumgawa kuku akiwa hai, lakini shangazi akanikanyaga mguu. Baba mdogo alikuwa ameshainua mikono kuomba dua. Tukaitikia amina, kila mtu akaondoka na kipande chake.

Mambo yangeishia hapo kama si Herman. Herman ni mwalimu, zamani alikuwa mteja wa kudumu wa kibanda, na alipohamishiwa tena Bagamoyo mwaka huu alikuja kumsalimu Mama. Baada ya shikamoo na marahaba na pole za msiba alioukosa, akaanza kucheka peke yake.

"Mama, unajua Bwanausi alituweka wote ndani ya gemu? Wachezaji wa kwenye CD wale alikuwa anawabadilisha. Anawapa majina yetu, sura zetu, urefu wetu. Kulikuwa na timu ya Dunda, timu ya Mlingotini, timu ya Kiwangwa. Mimi nilikuwa namba nane."

Mama akaweka kikombe chini. "Na yeye mwenyewe yumo?"

"Hawezi kukosa, Mama. Yeye ndiye mtengenezaji."

Sijawahi kumwona Mama akikiangalia kitu kama alivyomwangalia Herman wakati ule. Picha za kaka tunazo, sikatai, lakini Mama anasema picha zote zimemgandisha. Bwanausi alizaliwa na tundu kwenye moyo. Alikuwa anatembea polepole, bega moja limeinuka, akifika kwenye kona anasimama kidogo na kujifanya anasalimia watu. Hicho ndicho Mama alichokuwa anakikosa: mwendo. Sasa anaambiwa kuna mahali kijana wake anatembea.

"Mwaija," akaniambia, "nataka kumwona."

Basi nikajua kazi imeniangukia. Ninafanya kazi kwenye duka la steshenari, natoa fotokopi, napiga picha za pasipoti na kuwajazia watu nyimbo kwenye flashi. Kwa Mama hiyo inatosha kunifanya fundi wa kila kitu chenye taa. Ukweli ni kwamba nilikesha na simu nikitazama video za watu wanaotengeneza nakala za gemu za zamani, na kadiri nilivyotazama ndivyo udadisi ulivyonishika mpaka Mama akawa ni kisingizio. Nilijifunza kwamba CD ina mchezo tu. Majina, sura, mabao, yote aliyoyatia kaka kwa mkono wake, yalikuwa kwenye ile kadi nyeusi. Kadi hizo huchoka na kufa bila kuaga. Dawa yake ni kutoa nakala ya CD, kutoa nakala ya kadi, kisha kuitia kompyuta programu ya kuifanya ijione kuwa ni PS2. Ila kadi husomwa na mashine yenyewe tu, kwa hiyo vipande vyote vilitakiwa kurudi pamoja.

Nikapanda bodaboda hadi Mlingotini. Baba mdogo alikuwa ameiweka mashine chini ya televisheni, kama tofali la kuinyanyulia mguu mmoja uliovunjika.

"Unataka kuichukua?" akauliza. "Tulishagawana, Mwaija. Dua ilishasomwa."

"Naazima tu, Baba mdogo. Natoa nakala ya akiba. Ya asili ikifa tusibaki mikono mitupu."

"Kutoa nakala si wizi huo?"

"CD ni ya kaka, aliinunua dukani na kasha lake. Siuzi, sigawi mtaani. Ni yetu wenyewe."

Akakuna kidevu. Niliona kabisa kwamba wizi haukumsumbua tena, kuna jambo jingine lililomkaa. "Yaani ukishatoa hiyo nakala, mimi nitakuwa nayo nzima, na Ashatu nzima, na mama yako nzima?"

"Nzima kabisa."

"Lahaula! Kumbe kinazaliana. Na mimi nimekivunja vipande kama samaki!" Akaichomoa mwenyewe chini ya televisheni, televisheni ikainama, akaisukumia daftari la mtu la shule. Mende wawili wakatoka kwenye matundu ya mashine bila haraka. Upepo wa chumvi ulikuwa umeshaanza kuila misumari yake.

Kiwangwa nilimkuta shangazi Ashatu akichambua mananasi. CD ya kaka ilikuwa ukutani sebuleni, imetundikwa kwenye msumari, upande unaong'aa ukitazama watu. Kila Ijumaa aliipaka mafuta ya nazi.

"Mafuta ya nazi, shangazi?"

"Si kitu cha marehemu? Ulitaka kipauke?"

Nilimwambia imependeza, maana ningemwambia ninachokiwaza asingenipa. Akaniongezea mananasi mawili ya Mama na kunitaka niape kwamba msumari wake hautakaa mtupu zaidi ya wiki.

Niliiosha CD kwa sabuni ya maji na kitambaa laini, nikipangusa kutoka katikati kwenda ukingoni kama video zilivyofundisha. Nikaitia kwenye kompyuta ya dukani siku ya Jumapili, duka limefungwa. Ilisoma, ikakwama, ikakwaruza, ikaendelea. Mafuta ya nazi hayakuiua. Sitamwambia shangazi, lakini nashuku yaliilinda na chumvi.

Kadi ilikuwa na shida zaidi. Mama aliiweka kwenye droo ya kanga pamoja na udi na karafuu, ikawa inanukia harusi. Nikaiunganisha mashine na waya wangu mimi, urithi wangu wote, nikachomeka pedi niliyoazima kwa binamu na flashi yenye programu ndogo ya kunakili, nikachomeka kadi. Mashine ikasema hakuna kadi. Nikaichomoa, nikarudia. Hakuna kadi. Mama alikuwa amekaa nyuma yangu kwenye kiti cha wateja wa picha za pasipoti, na Herman amesimama mlangoni akitafuna kucha.

"Ndiyo basi?" Mama akauliza.

"Bado."

 Nikasugua meno ya kadi kwa pamba na spiriti, pamba ikatoka nyeusi, nikasugua tena mpaka ikatoka safi. Nikachomeka taratibu huku nikisoma bismillahi. Kadi ikaonekana. Ndani yake kulikuwa na faili moja tu, na nikaamuru linakiliwe. Mstari ulitambaa, ukasimama, ukatambaa, ukafika mwisho. Muda si mrefu mashine ikatoa harufu ya plastiki iliyoungua, ikazima, na tangu hapo haijawaka. Ilikuwa imetungojea tumalize, mzee wa watu.

Tukaihamishia nakala kwenye kompyuta. Muziki wa gemu ulipoanza Herman alijifuta macho, akasingizia vumbi la karatasi.

Nilifungua timu moja baada ya nyingine. Wote walikuwemo! Muuza kahawa wetu, mfupi vilevile, mwenye kipara chake. Baba mdogo Hamidu, beki, miguu mirefu kuliko wenzake wote. Shangazi Ashatu ni golikipa wa Kiwangwa, na kwa kuwa gemu ile haikuwa na sura za kike, kaka alimpa ndevu. Mama alicheka mpaka akashika ubavu. Herman akajikuta kwenye namba yake nane, mwembamba wa enzi hizo, akajitazama kwa masikitiko. Mimi nilikuwa mshambuliaji wa Dunda. Kila mchezaji ana vipimo vyake, vinavyoishia tisini na tisa: mbio, pumzi, shabaha, ukali. Shabaha alinipa thelathini. Ukali alinipa tisini na tisa.

"Hapo hajakosea," Herman akasema, nikamtazama akanyamaza.

"Na yeye?" Mama akauliza.

Nikarudi mwanzo. Nikapitia Dunda jina kwa jina, wa akiba na walioumia. Nikapitia Mlingotini, Kiwangwa, hadi timu za mbali ambazo hakuzigusa. Kicheko kilikuwa kimeshaisha ndani ya chumba. Bwanausi hakuwemo. Alikuwa ameuweka mtaa mzima, hata mbuzi wa jirani alimfanya kiungo, yeye mwenyewe akajiacha nje.

"Yeye alikuwa anashika pedi, Mama," Herman akasema kwa sauti ndogo. "Mimi nilidhani tu. Nisamehe."

 Mama alikuwa anatazama skrini, mikono imeshikana mapajani, na mimi nilimkasirikia kaka yangu kwa namna ambayo hairuhusiwi kumkasirikia marehemu. Ungejiweka! Ungejiweka hata benchi!

Halafu nikakumbuka kilichokuwa mbele yangu ni nini.

"Mama, tumweke sisi."

"Uichezee kazi ya mwanangu?"

"Kazi yake ipo kwenye kadi, kama alivyoiacha. Utairudisha kwenye droo yako. Hii ni nakala. Humu tunaweza."

 Akavuta kiti chake mpaka magoti yetu yakagusana.

Tukamwandika jina. Mama akachagua rangi ya ngozi, akaikataa, akachagua nyingine. Akanirudisha kwenye nywele mara nyingi. Urefu alinionyesha kwa mkono wake ukutani. Tulipofika kwenye vipimo sikumuuliza. Nilibonyeza mbio hadi tisini na tisa, pumzi tisini na tisa, nikafurahi, nikasema moyoni kimbia kaka, kimbia sasa. Nikamtia uwanjani ili Mama amwone. Kijana yule akachomoka kama mshale, akavuka uwanja, akarudi, hahemi.

"Hiyo namba ni ya nini?" Mama akauliza.

"Mbio, Mama. Na hii pumzi."

"Punguza."

"Mama, humu hana ugonjwa."

"Mwaija, punguza. Akikimbia hivyo nitamjuaje?"

Nikapunguza. Akatazama, akatikisa kichwa. Nikapunguza tena. Sikuwa naziona namba vizuri kwa machozi, nikawa nabonyeza tu huku Mama akihesabu kitu ambacho mimi sikukijua, mpaka kijana wetu akawa anavuka uwanja polepole, wenzake wote wakimpita, na alipofika kwenye kona akasimama.

"Hapo," Mama akasema. "Usimguse tena."