Dakika Kumi za Ubavu wa Lori

Wachimbaji wa mawe walimbandika jina la Bi Subira, maana kazi yake, kadiri walivyoona wao, ilikuwa kusimama. Kila Jumanne asubuhi alitega kamera palepale, mkabala na kilima, akaiwasha, akakaa dakika kumi bila kuigusa. Hakumhoji mtu. Hakufuatilia lori wala tingatinga. Alitaka watazamaji wa filamu yake wakione kilima kikipungua wiki hadi wiki, mpaka macho yachoke na kumbukumbu ianze kazi yake. Juu ya picha hizo angeweka sauti yake mwenyewe, akisimulia jinsi marehemu mama yake alivyokipenda kilima kile.

Nyapara wa machimbo alikuwa kaka yake, tumbo moja. Tangu wamzike mama hawakuwa wakisemezana.

Wiki ya kumi na tisa, kaka mtu alikuja na lori tupu, akalisimamisha mbele ya kamera kabisa, akazima injini.

"Ondoa hiyo mashine yako."

"Niko barabarani, kaka. Barabara ni ya watu wote."

"Ndiyo maana na mimi nimeegesha hapa."

Alishuka. Vumbi la mawe lilikuwa limemjaa mpaka kwenye kope.

"Unataka watu wanione mimi ndiye ninayekimaliza kilima cha mama."

"Kwani si wewe? Na mama alikipenda mno."

"Kilima cha mama," alirudia kwa kebehi. "Nani kakwambia alikipenda? Alikipanda na ndoo kichwani mara tatu kwa siku, mpaka magoti yakafa. Mwaka wake wa mwisho alikuwa akishuka kwa makalio, mimi nyuma yake nimemshika makwapa. Siku walipoleta baruti aliniomba nimsogeze dirishani aone kikilipuka. Wewe ulikuwa wapi? Mjini, unasomea kutazama."

"Mbona mimi hakuniambia?"

"Ulikuwa unakuja siku nne, na kamera shingoni. Angekwambia nini? Alikuwa anavaa gauni zuri, anakuchekea, ukiondoka analala siku mbili."

Akapanda lori, akaondoka. Hapo ndipo dada mtu alipoona taa nyekundu ya kamera bado inawaka. Picha ilikuwa ubavu wa lori tu, matope na kutu, lakini sauti ilisikika neno kwa neno.

Mhariri wake, mzee asiyependa porojo, aliisikiliza mara mbili.

"Filamu ndiyo hii," alisema. "Masimulizi yako ondoa yote."

Dada mtu alimpigia kaka yake, simu haikupokelewa. Akamwandikia kuomba ruhusa. Jibu lilikuja upesi: Hapana. Alikaa na jibu hilo siku tatu, akijiambia kwamba mama alikuwa wa wote wawili na kwamba jina la mtu halitajwi. Siku ya nne akaiweka sauti ile.

Walionyesha filamu Jumamosi mchana, katika ukumbi wa shule iliyo karibu na machimbo. Wachimbaji walikuja kwa wingi. Kaka yake alisimama nyuma, karibu na mlango. Kilima kilipungua, watu wakapiga miayo, kisha ubavu wa lori ukajaa ukutani na sauti ya nyapara ikaanza. Kila mtu aliitambua. Ilipofika pale pa makalio, mmoja akacheka, na wenzake wakamfuata.

Kaka mtu akatoka; dada yake akamkimbilia mpaka getini.

"Mama alikuwa anaona haya kushuka vile," kaka alisema, bila kupandisha sauti. "Alikuwa akingoja majirani waingie ndani kwanza. Nilimwona mimi tu. Leo umewaita watu mia wamtazame."

"Umesema kweli tupu, kaka. Ndiyo maana nimeiweka."

"Nilikuwa nakwambia wewe."

"Ningefanyaje?"

"Ungenisikia. Usikanyage kwangu tena, na nikifa usije."

Dada mtu alirudi ukumbini. Taa zilikuwa zimewashwa, na mwalimu mmoja alikuwa amenyoosha mkono, anataka kujua kwa nini picha zinakaa muda mrefu namna ile. Akamjibu kwa kirefu, bila kujua anasema nini.

Wiki iliyofuata mhariri alimuuliza kama waiondoe sauti ya kaka yake.

"Iache," alisema, na hakumtazama usoni.