Mchuzi Ubaki Nusu

Usiku wa kuamkia leo Bi Tatu wa Muheza aliota anapika kuku wa Kikorea. Hakuwahi kumpika maishani. Alichojua ni yale aliyoelezwa kwa simu na mwanawe Mbwana, anayefanya kazi kiwandani huko Korea: kuku akatwe vipande, achemshwe kidogo, maji ya kwanza yamwagwe, kisha apikwe na viazi na pilipili nyekundu mpaka mchuzi ubaki nusu. Tangu baridi ianze kule, Mbwana hajapiga simu tena.

Katika ndoto ni mchana. Bi Tatu anamwaga maji ya kwanza.

"Ahsante," paja la kuku linasema kutoka ndani ya sufuria. "Yale maji yalikuwa na usingizi. Sasa viazi. Vikate vipande, uchonge pembe zote ziwe mviringo, visije vikavunjika."

Bi Tatu anachukua kisu, anavikata viazi na kuchonga pembe zake. Anapomaliza, meza haina pembe. Kisha mlango hauna. Kisha kuta. Mumewe, Mzee Semboja, anaingia jikoni polepole.

"Mke wangu, nimetafuta kona ya kukaa, sijaiona."

"Kaa hapo katikati."

"Katikati ndiko ninakoogopa," anasema, lakini anakaa.

Bi Tatu anachota pilipili kwa mkono. "Nitie kiasi gani?"

"Mpaka tusikuone," paja linajibu.

Anatia. Mchuzi unaanza kuchemka, unaanza kupungua. Na jiko nalo linapungua. Dari inashuka bila kelele. Ukuta wa mbele unasogea. Mzee Semboja anazidi kuwa mdogo kwenye kiti chake, mpaka miguu haifiki chini.

"Kinapungua nini?" Bi Tatu anauliza.

"Kila kilichoko kati yako na mwanao," paja linasema. "Ongeza maji ukitaka, mumeo arudi alivyokuwa. Au acha."

Kikombe cha maji anacho mkononi. Anamtazama mumewe. Mzee Semboja ana uso wa mtoto wa darasa la kwanza, na ndevu zake ni zilezile nyeupe.

"Acha," anasema kwa sauti nyembamba. "Nenda kamwone."

Bi Tatu anakitua kikombe.

Ukuta wa jikoni sasa ni ukuta wa chumba kingine. Dirishani theluji inaanguka. Mbwana amelala chini, amejifunika blanketi, mgongo wake umeelekea mlangoni. Pembeni yake ameketi bibi wa Kikorea, mwenye nyumba, na anazungumza Kibondei safi kabisa, lugha ya kwao Bi Tatu.

"Hali chakula," bibi anasema. "Nimempikia kila kitu, hali."

"Anaumwa?"

"Upweke. Dukani hakuna dawa yake."

Bi Tatu anainamia sufuria iliyo miguuni pake, ananyofoa nyama kwa vidole na kuipeleka mdomoni mwa mwanawe. Mbwana anatafuna muda mrefu. Hageuki.

"Mama," anasema hatimaye, "hukutia sukari."

"Hukuniambia nitie."

"Nilisahau." Anafungua mdomo tena.

Anakula mpaka nyama inakwisha. Mifupa anamrudishia mama kiganjani, mmoja mmoja, bado ya moto. Mmoja unasema, "Sisi tumemaliza. Rudi, mumeo asije akapungua akaisha."

Bi Tatu akaamka. Kumekucha. Mzee Semboja amesimama dirishani, mrefu kama siku zote, anafunga vifungo vya shati. Bi Tatu akajinyoosha, akafikicha jicho kuondoa usingizi.

Jicho likawaka moto.

"Unalia nini asubuhi yote hii?" mumewe akauliza.

"Silii. Ni pilipili."

"Pilipili gani? Jana si tumekula muhogo na chai?"

Bi Tatu alitazama mkono wake. Kwenye kucha kulikuwa na wekundu.

"Basi amekula," akasema.