Kikombe cha Spika

Chumba cha chai cha wapiga mbizi kilikuwa juu ya gati, na dirisha lake moja lilitazama maji. Ukutani kulikuwa na misumari ya kutundikia vikombe, kila mtu na wake. Mpiga mbizi akifia kazini, kikombe chake huachwa palepale na hakuna anayekinywea tena. Akitoroka kazi, kikombe hutupwa na msumari hubaki mtupu. Mke wa Spika ndiye aliyeviosha vikombe vyote, na kila jioni alipovitundika aliuruka msumari mmoja.

Huo ulikuwa wa mumewe. Walimwita Spika kwa sababu kilindi kilimharibia masikio, hata siri akiisema kitandani jirani anaitikia. Alipotoka kazini akinuka mpira na chumvi, hakupiga hodi kama watu. Aligonga mlango mara tatu, ishara ya wapiga mbizi ya kusema nivuteni, kisha akasimama nje kama gogo mpaka binti yake mdogo atoke, amshike mkono wa shati na kumvuta ndani. Asipovutwa haingii, hata mvua ikimnyeshea. Ee, nyumba ile ilikuwa na raha zake.

Siku moja alishuka kukaza bomba la chini kabisa, hakurudi. Msimamizi alisema amepanda kwa ngazi ya nyuma, akaenda zake. Mtaani wakamalizia: yuko kwa mwanamke mwingine. Lisemwalo lipo, walisema, wakatikisa vichwa. Mkewe alikiokota kikombe kwenye pipa la taka, akakificha nyumbani nyuma ya masufuria. Binti alikua, akawa fundi cherehani, na habari za baba yake hakutaka kuzisikia. Alikuwa akimwambia mama yake kwamba aliyeondoka kaondoka, kisha anaendelea kushona.

Miaka mingi baadaye ikaanza ile sauti, saa za kufunga kazi. Ngo, ngo, ngo, kwenye bomba, kutoka kilindini. Kisha mwanga ukapanda, wa manjano, ukajaza maji mpaka samaki wakaonekana miba. Wapiga mbizi wakaacha kuwasha taa chumbani, maana mwanga wa dirishani uliwatosha kuziba glavu zao. Mara nyingine ulififia. Hapo lilisikika kofi kali kutoka chini, ukawaka tena. Taa ya kichwani ya Spika ilikuwa na tabia hiyo tangu siku aliyokabidhiwa.

Kampuni ikaleta mtaalamu wa bahari. Alishusha vyombo vyake, akasikiliza kwa makini, akaeleza kuwa hiyo ni sauti ya asili: ya mwanamume, mtu mzima, mwenye baridi kidogo. Wakubwa wakashusha pumzi. Kitu kikishakuwa cha asili, hakuna wa kuulizwa. Wakaweka benchi gatini ili wafanyakazi waufurahie mwanga.

Mke wa Spika alimwambia binti yake aje asikilize. Binti akasema ana nguo ya mteja. Mama akarudia kesho yake, na kesho kutwa, mpaka binti akaja kwa kuchoshwa tu, sindano bado imechomekwa kwenye blauzi, akaketi benchini amenuna.

Bomba likagongwa mara tatu. Mkono wa binti ulinyooka wenyewe juu ya maji, vidole vimekunjwa kama vilivyoshika nguo, akavuta. Akavuta tena. Kisha akalia kwa sauti. Uchungu wa miaka yote ile, ya kumchukia mtu ambaye hakwenda popote, ulimtoka pale benchini, na mama yake akamwacha alie mpaka amalize.

Walipoinuka, mama alitoa kikombe mkobani, wakaenda kwa msimamizi. Alikuwa akinywa chai. Hakukana, uongo nao huchoka.

"Ndiyo, ni Spika," alisema. "Anaomba kuvutwa. Hata siku ile aliomba."

"Kwa nini hamkumvuta?" binti aliuliza.

"Winchi ilikuwa mbovu. Tulijua tangu asubuhi."

"Na sasa?"

"Bado haijatengenezwa, mwanangu."

Mama akasema yeye amekuja kwa jambo dogo tu. Anataka kikombe kirudi msumarini, mtaa ujue kwamba mumewe hakuwakimbia. Msimamizi akakitazama kile kikombe kwa huruma ya kweli kabisa. Akamkumbusha utaratibu anaoujua mwenyewe, kikombe kinachobaki ukutani ni cha marehemu.

"Na marehemu hagongi, shemeji."

Basi Spika akaendelea kuhesabiwa mtoro.

Tangu hapo binti hufunga cherehani mapema. Huketi na mama yake benchini, chai ya Spika imemiminwa kati yao, wakikumbushana vituko vyake mpaka wanashika mbavu, hata zile siri zilizoitikiwa na jirani. Bomba likigongwa, binti hunyoosha mkono na kuvuta. Chai ikipoa, mama huimwaga majini, huosha kikombe na kukirudisha mkobani. Wakiinuka kwenda, kofi husikika kule chini na mwanga hupanda vizuri, ili waone pa kukanyaga. Na winchi nayo huonekana, pale kando ya ngazi, chini ya turubai lake.