Bizimu la Mgongoni

Mwaka wa sitini na sita kampuni ya safari iliwaletea wapagazi shanta mpya za turubai. Msimamizi wao, Ombati, alisema zimebuniwa kwa kuufikiria mwili wa binadamu. Binadamu alifikiriwa kweli: yule mgeni aliyelalamika safari iliyotangulia kwamba wapagazi wanatua mizigo ovyo na kumchelewesha. Mpagazi hakupimwa. Mikanda ikazungushwa kifuani na kufungwa kwa bizimu la chuma mgongoni, chini ya mzigo, mahali mkono wa mbebaji haufiki. Ukichoka, mwenzako akufungue, naye hafungui bila ruhusa ya Ombati.

Walipofika Mto Kuja, wakiwapeleka wageni bonde la Lambwe kutazama wanyama, maji yalikuwa yamepanda. Wageni walivushwa kwa mtumbwi. Wapagazi wakaambiwa waingie kwa miguu. Nashon alibaki nyuma makusudi. Mama mkwe wake, Zilpah, alikuwa mpagazi katika safari hiyo, na kwa heshima ya ukwe, tangu amwoe bintiye hajapata kumkaribia, sembuse kumgusa. Angengoja avuke kwanza. Kumbe Zilpah naye, kwa heshima ile ile, alikuwa amejibanza kwenye matete akingoja mkwe atangulie. Wenzao wote wakaishia ng'ambo.

Zilpah ndiye aliyekata shauri, akaingia. Katikati mguu ukateleza. Shanta ikajaa maji, ikamlaza chali. Kichwa kikazama, kikaibuka, kikazama tena.

Nashon akajitosa na mzigo wake mgongoni. Alipomfikia, mkono ukamgoma. Akatazama huku na huku. Mwanamke wa kumwita hakuwepo. Ombati alikuwa akipaza sauti kutoka ng'ambo kwamba shanta ishikwe, ina kamera za wageni.

"Mama, nisamehe."

Akapapasa chini ya mzigo. Bizimu likakataa. Akalivuta kwa nguvu zote, likaachia, na shanta ikaenda na maji.

Walitoka ng'ambo wakitambaa. Ombati akauliza ni nani aliyetoa amri ya kufungua. Wapagazi waliinamisha macho, maana kila mmoja alikuwa amemwona Nashon akimshika mama mkwe wake. Zilpah alitapika maji bila kumtazama mkwewe. Kisha akainuka, akaenda kusimama nyuma yake.

"Simama wima, mkwe, nikufungue."

"Sijaruhusu," Ombati akasema.

"Na wewe nani amekuomba?"

Vidole vya Zilpah vilikuwa vimeshalikamata bizimu. Mzigo ukaanguka matopeni kwa kishindo, na wapagazi wengine, bila kuambizana, wakaanza kugeuziana migongo.