Papa Husubiriwa Siku Sita

Ruweyda alikuwa na habari tangu Jumatatu, na kufikia Alhamisi hakukuwa na mtu aliyebaki wa kuambiwa Garissa. Alishamwambia Ilhan, wanayekaa naye chumba kimoja hosteli. Alishamwambia dereva wa tuktuk, akasikiliza mpaka akapitisha kona. Alishamwambia mama anayeuza maziwa ya ngamia nje ya lango la chuo, na yule mama akamuuliza polepole kama ameenda kupimwa malaria.

Habari yenyewe ilikuwa makaburi ya mapapa.

Si kupenda kwake. Mwalimu wa historia alipitisha mkebe wenye vikaratasi, kila mwanafunzi achomoe mada atakayosimama nayo mbele ya darasa wiki inayofuata. Wenzake wakachomoa reli, wakachomoa biashara ya pembe za ndovu, vitu vya watu. Yeye, binti wa Ijara, hijabu mpaka magotini, akachomoa "Makaburi ya Mapapa wa Kanisa Katoliki." Darasa zima likapiga meza kwa kicheko.

"Mwalimu, hii nibadilishie. Mimi hata mlango wa kanisa sijawahi kuingia."

"Basi ndiyo utaona vizuri kuliko wengine," mwalimu akasema, akafunga mkebe wake.

Akaingia maktaba amenuna, akatoka mbio. Kwani nani alikuwa anajua haya mambo? Kwamba zamani kuna papa alifukuliwa miezi kadhaa baada ya kufa, akavishwa mavazi yake, akakalishwa kwenye kiti, akashtakiwa maiti hivyo hivyo, akapatikana na hatia, akatupwa mtoni! Kwamba kuna mapapa ambao mwili uko kanisa hili na moyo uko kanisa lile! Wallahi, alisoma mpaka chakula kikaota ukungu.

Sasa Alhamisi hiyo zikaingia simu mbili, moja nyuma ya nyingine.

Ya kwanza ilitoka Ijara, kwa Weris, mama ya babake. Ayeeyo, ndivyo Wasomali wanavyomwita bibi, hakuwa mtu wa salamu ndefu kwenye simu.

"Baba yako mkubwa anakuja na mawe," alisema. "Anataka kumfunika babu yako kama sakafu ya benki. Nimemkataza, hasikii. Wewe anakupenda. Panda hiyo gari yake, umwambie. Mdomo unao."

"Ayeeyo, nimwambie nini?"

Simu ilishakatwa.

Ya pili ilikuwa ya huyo baba mkubwa mwenyewe, adeer Bare, muuza nguo wa Eastleigh, kaka wa kwanza nyumbani kwao. "Nimevuka daraja la Tana. Jitayarishe, twende Ijara. Nimemletea mzee kitu watu hawajaona."

Hicho kitu kilikuwa nyuma ya pikapu, kimefungwa kwa mablanketi kama mgonjwa: mabamba manne ya marumaru nyeusi, yanang'aa mpaka unajiona meno, na moja limechongwa jina la mzee Yakub kwa maandishi ya rangi ya dhahabu. Pembeni mifuko ya saruji.

Mzee Yakub, babu yake Ruweyda, alikuwa amefariki miezi minane nyuma. Kaburi lake lilikuwa kama makaburi yote ya kwao: tuta la mchanga, jiwe moja upande wa kichwa, na ua wa miiba wa kuzuia ng'ombe na fisi. Ndivyo alivyotaka mwenyewe, ndivyo mkewe alivyotaka. Na Ruweyda aliwajua hao watu wawili. Yale mawe yakilala juu ya lile tuta, ayeeyo na adeer Bare hawataongea tena mpaka mmoja wao azikwe. Akapanda gari. Yeye atasema nini kwa mtu mzima? Wiki nzima kichwani mwake kulikuwa na kitu kimoja tu.

"Adeer," akaanza, hata Garissa haijaisha machoni, "unajua papa akifa analazwa wapi?"

"Papa gani?"

"Wa Roma."

Mbele alikaa fundi wa ujenzi aliyechukuliwa kuyapanga mawe, naye akageuka na shingo yote. Alikuwa Mkamba wa Mutomo, Mkatoliki wa ubatizo na kipaimara, aliyejenga Garissa miaka kumi. "Wewe na papa, wapi na wapi?"

"Nimesoma! Wengi wako chini ya kanisa la Mtakatifu Petro, karibu tisini."

"Tisini? Mimi nimesali maisha yangu yote na hiyo sijaambiwa."

"Unaona?" adeer Bare akapiga usukani. "Wakubwa wa dunia wanalala kwenye marumaru, na watu wanatoka mbali kuwaangalia. Baba yangu ni mdogo kwa nani?"

Haikuwa inaelekea alikotaka. Ruweyda akasogea katikati ya viti. "Ngoja nikuambie wa kaburi kubwa. Papa mmoja alitaka ghorofa tatu na sanamu arobaini. Akamchukua fundi bora duniani. Fundi anaanza, anaachishwa, anaanza tena. Papa akafa. Watu wake wakabaki wanavutana na fundi, yote pamoja miaka arobaini! Kaburi linapunguzwa, linapunguzwa, kama suruali kwa fundi cherehani. Lilipoisha, kumbe likawekwa kanisa lingine, na mwenyewe hayumo! Yuko kwingine, chini ya sakafu."

"Miaka arobaini kazi moja," fundi akasema kwa wivu. "Huyo alikuwa anajua kutafuta tenda."

"Yangu ni ya siku mbili," adeer Bare akasema.

"Na huyu wa juzi, Fransisko, adeer? Aliacha wosia: nizikwe ardhini, kaburi la kawaida, bila mapambo, jina langu tu. Neno moja! Si ni karibu kama sisi?"

 Adeer Bare aliongeza mwendo, mawe yakagonga nyuma. Wakapita Bura, wakapita Masalani, Ruweyda akamwaga mapapa wote aliokuwa nao, wa jeneza la mbao, wa jeneza la madini ya risasi, wa majeneza matatu moja ndani ya jingine. Fundi alifurahi sana. Adeer Bare alikuwa anaangalia barabara.

Walifika alasiri. Ayeeyo akawapokea, akampa fundi mkeka na chai ya maziwa, akatembea mpaka nyuma ya gari, akainua ncha ya blanketi, akaishusha. Jioni nzima alizungumza habari za ng'ombe.

Vita vilianza asubuhi, baada ya chai na anjera. Adeer Bare alichukua mtaimbo na kwenda makaburini, fundi nyuma yake, na walipofika walimkuta ayeeyo ametangulia, amesimama upande wa miguu wa kaburi kama mlinzi wa mlango.

"Wewe fundi," akasema kwa Kiswahili chake, "wewe mgeni yangu. Chai kunywa yote. Lakini hii mchanga hapana gusa."

"Mimi sijagusa, mama," fundi akasema haraka.

"Hooyo, angalia," adeer Bare akamwambia mamake. "Ng'ombe wamevunja ua. Mvua imekula udongo, tuta limebonyea. Mwaka kesho hatutajua baba yuko wapi."

"Mimi nitajua."

"Na wewe ukifa?"

"Nitakuwa hapo kando yake. Nitajua zaidi."

Fundi, aliyeokota Kisomali cha kutosha miaka yake kumi Garissa, akacheka, akajifanya anakohoa.

"Mimi ni mtoto wake wa kwanza!" sauti ya adeer Bare ikapanda. "Hakuna kitu hata kimoja nimemfanyia huyu mzee, hata kimoja! Fundi, shusha mawe."

"Ukishusha, nitalala hapa juu," ayeeyo akasema. "Mnijengee pamoja naye."

Fundi akamwangalia huyu, akamwangalia yule, mikono imekaa hewani kama mtu aliyeambiwa ashike nyoka. Ruweyda akaona ndiyo hii sasa, familia inavunjika, na yeye ndiye aliyetumwa. Akafungua mdomo bila kujua kuna nini ndani, na kikatoka kilichokuwa kimebaki.

"Papa husubiriwa siku sita!"

Wote watatu wakamgeukia.

"Nini?" adeer Bare akauliza.

"Papa akifa. Hazikwi siku hiyo. Ni kati ya siku ya nne na ya sita. Wanamlaza kanisani, watu wanapanga laini kumuaga, wanatoka nchi zote, hata wa mbali kabisa anafika, anamwona, ndiyo wanazika. Sisi ndiyo haraka, adeer, sisi mtu akifa alfajiri, adhuhuri ameshalala, hata..."

Akasikia sauti yake mwenyewe, akanyamaza.

Adeer Bare alikuwa ameuweka mtaimbo chini. "Siku sita," akasema. Akacheka, kicheko kibaya kisicho na meno. "Na mimi hamkunisubiri masaa sita."

Hapo ndipo Ruweyda alipokumbuka ile siku vizuri. Babu alikata roho baada ya sala ya alfajiri. Adeer Bare akatoka Nairobi saa hiyo hiyo. Kabla ya adhuhuri alikuwa Garissa, kisha Bura, kisha mvua, kisha matope, gari likazama, akachimba kwa sahani ya chakula. Alipofika Ijara jua lilikuwa linazama na babu alishazikwa adhuhuri, udongo wa kaburi umeshalowanishwa maji. Alisali, akashukuru kila mtu, akanywa chai, akarudi Nairobi baada ya siku tatu. Miezi minane, hakuna aliyemsikia akilalamika.

Ayeeyo akashuka polepole, akakaa mchangani. Sasa aliongea Kisomali cha chini chini, na fundi, kwa adabu zake, akaanza kuchunguza mti uliokuwa mbali.

"Ni mimi nilisema wasikungoje," alisema. "Ndugu zako walitaka. Nikasema hapana, dini inasema haraka, na jua ni kali. Nilijua uko Bura. Nilijua kabisa."

"Najua ulijua, hooyo."

"Na kwa nini hukusema kitu?"

"Ningesema nini? Kwamba dini imekosea?"

"Ungesema umeumia. Hiyo si dhambi." Akamvuta mkono akakaa karibu yake, jitu zima la Eastleigh na suruali yake ya pasi. "Nilifanya sawa, Bare. Kesho nikiulizwa nitafanya vile vile. Lakini kuja kwako nikakaa na wewe, nikwambie nilikuona ulivyokuwa unakuja, hiyo ndiyo sikufanya. Nisamehe."

Adeer Bare akafuta uso kwa kiganja. Kaburi lilikuwa mbele yao, limebonyea katikati.

"Tuta linataka udongo," ayeeyo akasema. "Limelika. Wenzako walitia konzi tatu tatu kila mmoja siku ya mazishi. Zako bado."

Adeer Bare akainuka. Akachota konzi ya kwanza akaimwaga, akasema maneno yanayosemwa, ya pili, ya tatu. Ya tatu aliishika muda mrefu. Kisha akavua saa, akampa Ruweyda, akaanza kujaza tuta kwa mikono, na lilipokaa sawa akaomba panga, akaingia vichakani kukata miiba. Miaka thelathini hakuwa ameshika mwiba, na miiba ilimjua. Kila baada ya dakika walisikia "Aah!" na ayeeyo anacheka.

"Mama," fundi akauliza kutoka kwenye mti wake, "mawe yarudi Nairobi?"

"Wapi! Peleka msikiti. Pale watu naosha miguu, matope mingi."

"Hooyo, moja lina jina la baba!" adeer Bare akapiga kelele kutoka kichakani. "Watalikanyaga!"

"Lipindue. Mungu anasoma pande zote."

Fundi akaenda zake anapiga mluzi, kazi imebaki kazi. Ruweyda akaburuta miiba, mdomo umerudi kwenye hali yake, akimweleza adeer kwamba yule papa aliyetupwa mtoni baadaye mabaki yake yaliokotwa, akarudishwa kwa heshima, kwa hiyo mambo hutengenezeka, na adeer Bare, damu kwenye vidole, akamuuliza maswali matatu mazima.

Ua uliposimama, walirudi kukaa kando. Ayeeyo akaonyesha nafasi ya wazi kushoto kwa tuta. "Hapa ni kwangu. Na siku yangu, Bare, usizurure. Sitakungoja."

"Utaningoja."

"Sikungoji."

"Masaa, hooyo. Sisemi siku sita. Masaa tu."

Ayeeyo akafikiri. Kisha akatandaza ncha ya shuka yake juu ya mkono wake, akaunyoosha. Adeer Bare akacheka kwa nguvu, akaingiza wake chini ya kitambaa, na Ruweyda akajua wanafanya nini, kila mtoto wa soko la mifugo anajua: madalali hushikana vidole chini ya nguo, bei inapanda na kushuka kwa vidole, na aliyesimama pembeni haoni kitu. Kitambaa kikacheza. Ayeeyo akatikisa kichwa, hapana. Kikacheza tena. Adeer Bare akafumba macho kama anayenyang'anywa fahali, akaongeza kitu, akapunguza kitu. Ayeeyo akamkazia jicho. Kikatulia.

"Imekubaliwa," ayeeyo akasema, akatoa mkono.

"Imekubaliwa," adeer Bare akasema.

"Ni ngapi?" Ruweyda alikuwa amesimama tayari. "Ayeeyo, ni masaa mangapi? Adeer! Ni ngapi?"

Ayeeyo akajipangusa mchanga, akamshika mwanawe mkono, wakaanza kutembea kwenda kwenye chai.